Donge Nono Bila Pointi: Historia ya Kombe la Grand Slam la Munich, 1990–1999, na Mafunzo Yake kwa Sera ya Michezo

Ikisiri

Kombe la Grand Slam lilikuwa mashindano ya tenisi ya kulipwa yaliyofanyika mjini Munich, Ujerumani, kwa miaka kumi tu, kuanzia 1990 hadi 1999. Yalipoanza, mshindi wake alipewa dola milioni 2 za Marekani, kiasi ambacho hakikuwa na mfano katika mchezo huo. Hata hivyo, mashindano hayo hayakuhesabiwa katika orodha ya ubora wa wachezaji, hayakuwa na nafasi ya kudumu katika kalenda, na hatimaye yaliunganishwa na mashindano ya mahasimu wao. Makala haya yanaeleza chimbuko la Kombe hilo, muundo wake, matokeo yake na sababu za kufutwa kwake. Hoja inayojengwa ni kwamba fedha ziliweza kuwaleta wachezaji uwanjani, lakini hazikuweza kuyapa mashindano hadhi, kwa kuwa hadhi hutokana na makubaliano ya taasisi zinazousimamia mchezo. Sehemu ya mwisho inaihusisha historia hiyo na uamuzi unaozikabili nchi za Afrika Mashariki kuhusu matumizi ya fedha chache za michezo.

1. Utangulizi

Historia ya michezo huandikwa zaidi kwa kuyafuata mashindano yaliyodumu. Wimbledon ilianza mwaka 1877 na ingali ipo, hivyo kumbukumbu zake zimehifadhiwa, mabingwa wake hutajwa kila mwaka na taratibu zake huigwa. Mashindano yaliyokufa huachwa katika majedwali ya takwimu. Kwa mtafiti wa sera, hata hivyo, mashindano yaliyokufa yana faida yake. Yale yaliyodumu huficha masharti ya kudumu kwao, maana kila sharti limekwishatimizwa na limezoeleka. Yale yaliyokufa huonyesha sharti lipi lilikosekana.

Kombe la Grand Slam ni mfano unaofaa kwa uchunguzi wa namna hiyo kwa sababu halikukosa kile ambacho waandaaji wengi hudhani ndicho kikwazo kikuu, yaani fedha. Lilikuwa na fedha kuliko mashindano mengine yote ya wakati wake. Lilikuwa na ukumbi wa kisasa, watazamaji wa televisheni, na baraka za waandaaji wa mashindano manne makubwa kuliko yote duniani. Swali la makala haya, basi, ni hili: mashindano yenye utajiri wa kiasi hicho yalikosa nini hata yakafutwa baada ya miaka kumi?

2. Chimbuko: mgogoro wa mamlaka, 1988–1990

Tenisi ilifungua milango yake kwa wachezaji wa kulipwa mwaka 1968. Kabla ya hapo, mashindano makubwa yaliwakubali wachezaji wa ridhaa pekee. Baada ya milango kufunguliwa, pande tatu zilianza kugombania usimamizi wa mchezo. Upande wa kwanza ulikuwa Shirikisho la Kimataifa la Tenisi pamoja na Mashindano Makuu Manne, yaani Mashindano ya Wazi ya Australia, Roland Garros, Wimbledon na Mashindano ya Wazi ya Marekani. Upande wa pili ulikuwa waandaaji wa mashindano mengine. Upande wa tatu ulikuwa wachezaji wenyewe, ambao mwaka 1972 waliunda Chama cha Wachezaji wa Tenisi ya Kulipwa, kinachojulikana kama ATP.

Katika miaka ya 1970 na 1980 pande hizo tatu zilikaa pamoja katika baraza moja la wajumbe tisa, kila upande ukiwa na wajumbe watatu. Baraza hilo ndilo lililosimamia mzunguko wa wanaume uliojulikana kama Grand Prix. Kila msimu ulihitimishwa kwa mashindano ya wachezaji bora, ambayo kuanzia 1977 yalikuwa yakifanyika katika ukumbi wa Madison Square Garden, New York. Mfumo huo ulikuwa na manung'uniko yake. Wachezaji walilalamika kuwa msimu ulikuwa mrefu mno, na kwamba sauti yao katika maamuzi haikulingana na mchango wao, kwa kuwa wao ndio watazamaji waliolipa kuwaona.

Mgogoro ulifikia kilele mwezi Agosti 1988, wakati wa Mashindano ya Wazi ya Marekani. Hamilton Jordan, aliyewahi kuwa mkuu wa watumishi wa Ikulu ya Marekani chini ya Rais Jimmy Carter, alikuwa kiongozi mtendaji wa ATP. Aliponyimwa nafasi ya kukutana na waandishi wa habari ndani ya viwanja vya mashindano, aliwakusanya nje, katika eneo la kuegesha magari, na kutangaza kwamba wachezaji walikusudia kuanzisha mzunguko wao wenyewe. Wachezaji wengi wa ngazi za juu waliunga mkono hatua hiyo. Mwaka 1990 mzunguko wa ATP ulianza rasmi, Grand Prix ikafikia kikomo, na mashindano ya kuhitimisha msimu yakahamishwa kutoka New York hadi Frankfurt, Ujerumani.

Shirikisho la Kimataifa, lililokuwa likiongozwa na Mfaransa Philippe Chatrier, lilijikuta limebaki na Mashindano Makuu Manne na Kombe la Davis, lakini bila mamlaka juu ya wiki nyingine za msimu. Jibu lake likawa kuanzisha, kwa kushirikiana na waandaaji wa Mashindano Makuu Manne, shindano la kuhitimisha mwaka lililokuwa lao wenyewe. Hilo ndilo Kombe la Grand Slam. Tangu mwanzo, basi, Kombe hilo lilizaliwa kama hatua katika ugomvi wa taasisi. Halikuja kuziba pengo lililokuwa likilalamikiwa na wachezaji au watazamaji. Jambo hili ndilo lililoamua mwisho wake.

3. Muundo wa mashindano

Kombe lilichezwa ndani ya ukumbi wa Olympiahalle, uliojengwa kwa ajili ya Michezo ya Olimpiki ya Munich ya mwaka 1972. Uchaguzi wa Ujerumani haukuwa wa bahati. Mafanikio ya Boris Becker na Steffi Graf katika nusu ya pili ya miaka ya 1980 yalikuwa yameifanya nchi hiyo kuwa soko kubwa la tenisi katika televisheni, na ndiyo sababu mahasimu wote wawili, ATP na Shirikisho, waliyapeleka mashindano yao ya mwisho wa mwaka huko huko.

Wachezaji 16 waliingia kwa kigezo kimoja: matokeo yao katika Mashindano Makuu Manne ya mwaka huo. Orodha ya ubora ya ATP haikutumika. Mantiki yake ilikuwa kwamba, iwapo mashindano manne ndiyo kilele cha mchezo, basi aliyefanya vizuri katika manne hayo ndiye anayestahili kuitwa bora wa mwaka. Michezo ilikuwa ya mtoano, na fainali iliamuliwa kwa kushinda seti tatu.

Kilichovuta macho ya wengi kilikuwa fedha. Jumla ya zawadi mwaka 1990 ilikuwa dola milioni 6. Mshindi alipata milioni 2 na mshindi wa pili milioni 1. Hata aliyefungwa katika mechi ya kwanza aliondoka na dola 100,000. Ili kupima uzito wa tarakimu hizo, inatosha kukumbuka kwamba bingwa wa Mashindano ya Wazi ya Marekani mwaka huo huo alipewa dola 350,000 baada ya kushinda mechi saba. Munich, mechi nne zilitosha kumpatia mshindi karibu mara sita ya kiasi hicho.

Pamoja na zawadi hizo, dola milioni 2 kwa mwaka zilitengwa kwa ajili ya Mfuko wa Maendeleo wa Grand Slam, ulioanzishwa mwaka 1986 ili kusaidia tenisi katika nchi zisizo na uwezo. Kipengele hiki hakikuzungumzwa sana katika magazeti ya wakati ule. Sehemu ya saba ya makala haya itakirejea.

4. Miaka kumi uwanjani

Shindano la kwanza, Desemba 1990, lilitwaliwa na Pete Sampras wa Marekani, kijana wa miaka 19 aliyekuwa ameshinda Mashindano ya Wazi ya Marekani miezi mitatu kabla. Alimshinda Brad Gilbert katika fainali kwa seti tatu mfululizo. Becker, kipenzi cha Wajerumani, hakucheza. Baadhi ya wachezaji wakubwa walisema waziwazi kuwa kiasi cha fedha kilichotolewa kilivuka mipaka ya busara na kwamba shindano lenyewe halikuwa na sababu ya kuwapo zaidi ya fedha hizo. Kizuri chajiuza, wasemavyo Waswahili. Kwa wakosoaji, shindano lililolazimika kutangaza bei yake kabla ya kutangaza thamani yake lilikuwa limejieleza lenyewe.

Mwaka 1991 mshindi alikuwa David Wheaton wa Marekani, aliyemshinda mwenzake Michael Chang. Wheaton alikuwa amefika nusu fainali ya Wimbledon mwaka huo. Mwaka 1992 Mjerumani Michael Stich, bingwa wa Wimbledon wa 1991, alitwaa Kombe mbele ya watu wake, na Chang akawa wa pili tena.

Shindano la 1993 ndilo linalothibitisha kuwa mchezo wenyewe haukuwa wa mzaha. Petr Korda wa Jamhuri ya Cheki alimtoa Sampras katika nusu fainali kwa seti ya tano iliyoishia 13–11, kisha akamshinda Stich katika fainali kwa seti ya tano iliyoishia 11–9. Hakuna mchezaji anayevumilia saa hizo zote uwanjani kwa ajili ya maonyesho matupu. Mwaka 1994 Magnus Larsson wa Uswidi alimshinda Sampras, siku chache tu baada ya kuisaidia nchi yake kutwaa Kombe la Davis mjini Moscow. Goran Ivanišević wa Kroatia alishinda mwaka 1995 dhidi ya Todd Martin.

Mwaka 1996 Becker, ambaye hakuwapo wakati Kombe likianza, alilitwaa kwa kumshinda Ivanišević. Majuma mawili tu kabla ya hapo alikuwa amecheza fainali ya mashindano ya ATP, yaliyokuwa yamehamia Hannover, na kufungwa na Sampras. Mtazamaji wa Kijerumani alikuwa ameonyeshwa "bingwa wa mwisho wa mwaka" mara mbili ndani ya mwezi mmoja, na majina mawili tofauti.

Kuanzia 1997 Kombe lilihamishwa kutoka Desemba hadi mwishoni mwa Septemba, baada tu ya Mashindano ya Wazi ya Marekani. Sampras alishinda kwa mara ya pili, akimfunga Patrick Rafter wa Australia. Mwaka 1998 Marcelo Ríos wa Chile alimshinda Andre Agassi kwa seti tano, na mwaka huo ndipo shindano la wanawake lilipoongezwa. Venus Williams alikuwa bingwa wa kwanza wa wanawake baada ya kumshinda Patty Schnyder wa Uswisi. Mwaka 1999, ambao ulikuwa wa mwisho, Mwingereza Greg Rusedski alimshinda Tommy Haas, naye Serena Williams akamshinda dada yake Venus kwa mara ya kwanza katika mechi zao za kulipwa, wiki chache baada ya kutwaa taji lake la kwanza la Mashindano ya Wazi ya Marekani.

Orodha hii ya washindi ina jambo la kuzingatiwa. Kombe liliitwa kwa jina la Mashindano Makuu Manne na lilikusudiwa kumpata bora wa hayo manne. Lakini katika mashindano kumi ya wanaume, ni mara nne tu lilipotwaliwa na mtu aliyekwisha kuwa bingwa wa mojawapo ya mashindano hayo: Sampras mara mbili, Stich na Becker. Mara sita lilikwenda kwa mchezaji ambaye wakati huo hakuwa na taji lolote kati ya hayo manne. Korda na Ivanišević walipata mataji yao baadaye, mwaka 1998 na 2001. Wheaton, Larsson, Ríos na Rusedski hawakupata kamwe. Hili si dosari ya wachezaji hao, ambao walishinda kwa haki. Linaonyesha kwamba jina la shindano liliahidi jambo moja na matokeo yake yakatoa jingine.

5. Kwa nini fedha hazikutosha

Sababu za udhaifu wa Kombe zinaweza kugawanywa katika makundi matatu yanayohusiana.

Sababu ya kwanza ni pointi. Katika tenisi ya kulipwa, orodha ya ubora ndiyo inayoamua nani anaingia shindano gani. Fedha za zawadi hutumika na kwisha, ilhali pointi humfungulia mchezaji mlango wa shindano linalofuata, na hilo likamfungulia jingine. Orodha ya wanaume ilikuwa mikononi mwa ATP, na ATP haikutoa pointi kwa matokeo ya Munich. Kwa hiyo mechi iliyolipwa kuliko zote duniani haikubadilisha nafasi ya mchezaji hata kwa hatua moja. Ushindi wa Larsson dhidi ya Sampras ulimtajirisha, lakini katika hesabu za msimu ulikuwa kana kwamba haukutokea.

Uzito wa pointi huonekana vizuri zaidi kwa kumtazama mchezaji aliyekuwa mbali na ukumbi wa Munich. Katika muongo huo huo, Mkenya Paul Wekesa alikuwa akicheza tenisi ya kulipwa. Alishinda mataji matatu ya mzunguko wa ATP katika mchezo wa wawili-wawili, na mwaka 1995 alifika nafasi ya 100 duniani katika mchezo wa mmoja-mmoja. Mchezaji wa ngazi hiyo hakuwa na njia ya kuingia katika kundi la 16 la Munich. Maisha yake ya kikazi yalitegemea pointi zilizokusanywa wiki baada ya wiki katika mashindano yenye zawadi ndogo. Kwa mamia ya wachezaji wa aina yake, mfumo wa pointi ndio uliokuwa tenisi yenyewe, na shindano lililokuwa nje ya mfumo huo, hata kama lingetoa fedha kiasi gani, lilikuwa habari ya watu wengine.

Sababu ya pili ni kalenda. Desemba ilikuwa wakati pekee wa mapumziko, kati ya mashindano ya ATP ya Novemba na Mashindano ya Wazi ya Australia ya Januari. Kombe liliingia humo kwa nguvu, wakati mojawapo ya malalamiko yaliyozaa mgogoro wa 1988 lilikuwa urefu wa msimu. Lilipohamishwa hadi Septemba lilipata wachezaji wasiochoka sana, lakini lilipoteza maana yake ya kuhitimisha mwaka, kwa sababu miezi ya mwisho ya msimu ilikuwa bado haijachezwa. Hivyo hapakuwa na wiki hata moja ya mwaka ambayo Kombe lingeweza kuiita yake bila kugongana na jirani.

Sababu ya tatu ni uhalali. Mashindano mawili yaliyodai kuwa hitimisho la msimu, katika nchi moja, chini ya mamlaka mbili zisizoelewana, yalipunguziana thamani. Kila moja lilikuwa ushahidi kwamba jingine halikukubaliwa na wote. Mdhamini, kituo cha televisheni na mtazamaji walitakiwa kuchagua kati ya madai mawili. ATP ilikuwa na msimu mzima wa pointi nyuma ya madai yake. Shirikisho lilikuwa na heshima ya Mashindano Makuu Manne na kitita cha fedha. Heshima ya Wimbledon, hata hivyo, haikuhamishika hadi Munich kwa kuandikwa tu katika jina la Kombe, kwa kuwa ilitokana na mapokeo ya mahali pake.

6. Kuunganishwa

Kufikia mwishoni mwa miaka ya 1990 pande zote mbili zilikuwa zimeona gharama ya utengano. Mwaka 1999 Chatrier hakuwa tena madarakani, na waliokuwa wamezivuka siku za 1988 wangeweza kuketi meza moja bila fedheha ya kurudi nyuma. ATP, Shirikisho la Kimataifa na waandaaji wa Mashindano Makuu Manne walikubaliana kufuta mashindano yote mawili, la Munich na lile la Hannover, na kuanzisha moja linalomilikiwa kwa pamoja: Kombe la Mabingwa wa Tenisi.

Shindano hilo jipya lilichezwa kwa mara ya kwanza mjini Lisbon mwaka 2000. Lilitoa pointi. Lilitambua orodha ya msimu mzima, huku likiweka utaratibu wa kumwezesha bingwa wa mojawapo ya Mashindano Makuu Manne kupata nafasi hata kama hakuwa miongoni mwa wanane wa juu kabisa. Kwa maneno mengine, lilichukua msingi wa ATP na kuupa kidirisha cha wazo la Munich. Gustavo Kuerten wa Brazil alimshinda Agassi katika fainali, na kwa ushindi huo akamaliza mwaka akiwa wa kwanza duniani. Mechi moja ya mwisho wa mwaka iliamua taji na nafasi ya kwanza kwa pamoja, jambo ambalo Kombe la Grand Slam halikuweza kulitoa hata mara moja katika miaka yake kumi.

7. Kilichobaki: Mfuko wa Maendeleo

Kombe lilipokufa, si kila kilichoambatana nalo kilikufa. Mfuko wa Maendeleo wa Grand Slam ulikuwapo kabla ya Munich na uliendelea baada yake, ukichangiwa na Mashindano Makuu Manne yenyewe. Kazi yake ni kugharimia yale yasiyoonekana katika televisheni: ruzuku za safari kwa wachezaji chipukizi, timu za vijana zinazosafiri pamoja na kocha mmoja, na kuunga mkono mashindano ya ngazi ya chini katika kanda zenye mashindano machache. Miongoni mwa wachezaji waliowahi kunufaika na misaada ya mpango huo ni Ons Jabeur wa Tunisia, aliyecheza fainali mbili mfululizo za Wimbledon, mwaka 2022 na 2023.

Ulinganisho wa sehemu hizo mbili za bajeti ya Munich unafaa kutafakariwa. Dola milioni 6 za zawadi zilikwenda kwa wachezaji 16 ambao tayari walikuwa miongoni mwa matajiri wa mchezo wao. Dola milioni 2 za Mfuko zilikwenda kwa watu ambao majina yao hayakujulikana. Sehemu ya kwanza ndiyo iliyotangazwa, na ndiyo iliyotoweka pamoja na shindano. Sehemu ya pili haikutangazwa sana, lakini iliingia katika utaratibu uliokuwa na mizizi, na kwa sababu hiyo iliendelea kuzaa baada ya chanzo chake kukauka.

8. Mafunzo kwa Afrika Mashariki

Nchi za kanda haziko katika hatari ya kuandaa shindano la dola milioni 6. Hata hivyo, uamuzi unaozikabili ni wa aina ile ile kwa kipimo kidogo: fedha chache zilizopo zitumike kumleta nyota kwa mechi ya maonyesho ya siku moja, au zitumike kuandaa mashindano madogo yanayotambuliwa na mfumo wa kimataifa?

Mfano wa karibu ni Kigali. Mwaka 2024 Rwanda iliandaa kwa wiki mbili mfululizo mashindano ya mzunguko wa pili wa ATP, ya daraja ambalo mshindi hupata pointi 50. Zawadi zake zilikuwa ndogo mno zikilinganishwa na za Munich. Hata hivyo, kila mechi iliyochezwa pale iliingia katika orodha ya dunia, na wachezaji kutoka mabara mengine walisafiri hadi Kigali kwa sababu hiyo. Kilichowavuta ni kile ambacho Munich, pamoja na mamilioni yake, haikuwa nacho.

Chini ya daraja hilo yapo mashindano ya Shirikisho la Kimataifa yenye jumla ya zawadi ya dola 15,000 kwa wiki. Bila kuzingatia mabadiliko ya thamani ya fedha, kitita alichopewa Sampras peke yake mwaka 1990 kingegharimia zawadi za zaidi ya mashindano 130 ya aina hiyo. Kwa mchezaji wa Tanzania, Uganda au Burundi, uzito wa tarakimu hii ni halisi. Angella Okutoyi wa Kenya, bingwa wa Wimbledon kwa wasichana wawili-wawili mwaka 2022, na Sada Nahimana wa Burundi, aliyefika katika mashindano makuu ya vijana kabla yake, wameonyesha kuwa kipaji kipo. Kinachokwamisha wengi ni umbali wa pointi, kwa maana wanaozihitaji hulazimika kuzifuata nchi za mbali kwa gharama ambayo familia na vyama vyao havina.

Kutokana na historia iliyoelezwa, mambo manne yanaweza kupendekezwa kwa washauri wa sera:

Kwanza, kabla ya kuidhinisha fedha za umma kwa shindano lolote, liulizwe swali la utambuzi: matokeo yake yataingia katika orodha ipi, na nani anayeimiliki orodha hiyo?

Pili, nchi jirani zipange wiki zao kwa kufuatana. Shindano la Nairobi likifuatiwa na la Kampala, Kigali au Bujumbura, safari moja humpa mchezaji nafasi kadhaa za kukusanya pointi. Zikipangwa wiki moja, zitadhoofishana kama Munich na Hannover.

Tatu, sehemu ya mapato ya kila shindano kubwa itengwe kisheria kwa ajili ya mfuko wa vijana, na mfuko huo usitegemee uhai wa shindano moja.

Nne, makubaliano kati ya wizara, vyama vya tenisi na mashirikisho ya kimataifa yatangulie udhamini. Mdhamini anayekuja kabla ya makubaliano hununua ugomvi.

9. Hitimisho

Haitakuwa haki kulihukumu Kombe la Grand Slam kuwa lilishindwa kabisa. Lilitoa mechi za kiwango cha juu, na kwa kuwapo kwake liliilazimisha ATP kuelewa kuwa haiwezi kuumaliza msimu bila Mashindano Makuu Manne. Bila Munich, huenda mkutano wa 1999 usingefanyika.

Lakini miaka kumi hiyo inathibitisha pia kwamba zawadi haiwezi kufanya kazi ya makubaliano. Wachezaji walikuja, walicheza kwa bidii, walilipwa na wakaondoka, na orodha ya dunia ikabaki kama ilivyokuwa kabla hawajafika. Kwa kanda inayopima kila shilingi ya michezo mara mbili, hilo ni funzo ambalo wengine wamekwisha kulilipia. Mashindano madogo yaliyo ndani ya mfumo humpa kijana mahali pa kwenda wiki inayofuata, na hicho ndicho kipimo kinachofaa kutumiwa kila bajeti ya michezo inapowekwa mezani.